Mkono wa Dunguni

Jumamosi, 10 Juni 1967

Leo kahawani nimetangaza mbele ya watu wote: yule Bundala, mrushaji wa kriketi, ni mimi baba yake niliyemfundisha kurusha. Kwa mawe, huko kijijini kwetu Lusu, mpaka bega langu likateguka. Watu wakaguna kwa heshima. Kikombe cha pili nimekunywa bure.

Uongo mtupu! Aliyemfundisha ni mama yake, marehemu Amne, juu ya dungu la kuamia ndege katikati ya mtama. Amne akirusha jiwe, ndege wanahama tarafa. Mimi nilikuwa kivulini chini ya dungu. Nimelala.

Jumapili, 11 Juni 1967

Nimekwenda kumwona kazini. Kazi gani! Nasor, mtoto wa rafiki yangu Humaidi mwenye duka, ndiye kapteni wa timu ya hapa mjini Tabora. Anampa Bundala mshahara na chumba mtaa wa Chemchem ili arushe mpira, basi. Ukoo wetu umerusha mawe tangu zamani, hakuna aliyewahi kulipwa.

Mchezo wenyewe kichekesho. Mwanamume mzima kavaa suruali nyeupe, kashika ubao, analinda vijiti vitatu visiangushwe. Bundala anaviangusha. Ila kuna sharti — kiwiko kisikunjwe, mkono upite juu umenyooka. Nasor alimfunga ufito kiwikoni miezi mitatu mpaka akazoea. Nikamtania: mnamgeuza mwanangu mchi wa kinu! Akacheka. Ndiyo sheria, mzee, akikunja ni wizi.

Neno wizi nililichukulia mzaha.

Jumamosi, 1 Julai 1967

Kesho mechi na timu ya Dar. Bundala kaninong'oneza kwamba wageni wakimpenda watamchukua. Halali usiku, hali chakula. Amefua suruali yake mara mbili.

Kahawani wananiuliza: Mwalimu, umempa mbinu gani? Mwalimu! Siku hizi jina hilo lina mwenyewe, lakini nimelipokea. Nikasema mbinu ninayo, mtaiona.

Sina mbinu yoyote.

Jumapili, 2 Julai 1967

Naandika usiku huu.

Asubuhi nilimfuata chumbani. Nikamwambia, acha huo mkono wa mti, leo rusha kama dunguni. Akanitazama. “Baba, haifai.” Nikamwuliza, mimi ni nani? Akainamisha kichwa. “Wewe ni baba.”

Akarusha kama mama yake. Kijiti kiliruka hewani! Uwanja mzima ukapiga kelele, na mimi zaidi yao. Nikawageukia wa kahawani — mmeona?

Refa akanyoosha mkono. Kosa. Akarusha tena. Kosa. Mara ya tatu wageni wakasema kwa sauti kwamba Tabora inalipa mwizi, na vijiti vyote alivyoangusha tangu aanze ni vya wizi.

Nasor akaja mbio. “Nani kakwambia ukunje mkono?” Bundala akasema: “Hakuna. Ni mkono wangu tu.”

Nilikuwa hatua kumi kutoka pale. Nimeshika kofia.

Jumanne, 4 Julai 1967

Kaachishwa kazi. Chumba kina kufuli. Miezi minane, basi, imekwisha. Kapanda basi la Nzega bila kuniaga.

Jumapili, 16 Julai 1967

Lusu. Nimemkuta juu ya dungu, kwenye mtama uliochelewa. Mawe kayapanga pembeni kama Amne alivyokuwa akiyapanga, makubwa chini, madogo juu. Ndege wametua mpaka mabua yanainama. Yeye kakaa, mikono mapajani.

“Ndege hao!”

“Nawaona, baba.”

Nikapanda mwenyewe na magoti yangu haya. Nikarusha jiwe, likaangukia mguu wangu mwenyewe. Zamani angecheka mpaka adondoke. Hakucheka. Alinishika tu nisianguke, kwa mkono uleule.

Nikamwambia nitarudi mjini niseme kwamba ni mimi. Akaniuliza, “Wataamini?” Hakuuliza kwa ubaya. Ndicho kilichoniuma.

Jumatano, 19 Julai 1967

Nimekwenda kwa Nasor. Kaniamkia shikamoo, kanipa kiti, heshima zote. Nikasema: ni mimi niliyemwamuru akunje mkono. Mtoto alikataa, nikamlazimisha kwa ubaba.

Akacheka! “Mzee Mahona, juzi ulisema umemfukuza simba wa kule Choma kwa kofia. Leo unajitwisha kosa la mwanao. Baba mzuri wewe. Kunywa chai.”

Nikaapa. Akazidi kucheka.

Nimekunywa chai. Ilikuwa na hiliki. Tamu, na ndiyo aibu yenyewe.

Alhamisi, 20 Julai 1967

Nimekaa uani kwa Humaidi, nangoja amalize kuswali alasiri. Nasor hamsikilizi mtu isipokuwa baba yake. Naandika maneno hapa yasije yakanipotea mbele yake, maana nikimwona tu ulimi wangu unatafuta mzaha.

Basi hivi: Humaidi, mwaka ule wa mafuriko nilimbeba mama yako, Bibi Masika, mgongoni kuvuka mto Igombe, maji kifuani. Hilo si la kahawani, mwenyewe alilisimulia mpaka anakufa. Ukaniambia, Mahona, siku yoyote, jambo lolote. Miaka mingapi? Sijakudai hata sukari.

Sikuja kuomba kazi yake irudi. Hiyo mtaamua nyie. Naomba kitu kidogo. Uniamini mara moja. Hii tu, halafu nyingine zote zicheke utakavyo. Kisha umwambie mwanao, kwamba Bundala hakuiba.

Anakunja mkeka. Kaniona. Tabasamu hilo limeshaanza — “Haya, leo umekuja na ipi, Mnyamwezi wee?”

Humaidi, ndugu yangu, nakuomba. Usicheke kwanza.