Mulamula Uliong'olewa Kamachumu

Dada Adelina,

Huku Kamachumu baridi ya asubuhi inauma, lakini ndizi za ebitoke na maharage ya wenyeji yananipa nguvu. Nimeleta kwa lori majembe ya halmashauri. Wanakijiji wanachonga wenyewe, kwa kujitegemea, njia ya miguu ya kwenda kisimani na kwenye uwanja wa watoto.

Jana Bwana Maendeleo, afisa wa kata na mgeni huku kwetu, alitaka njia inyooke. Akang'oa mmea uliomzuia, akautupa kando kama gugu. Ulikuwa mulamula, dada, mmea wetu wa mpaka na amani! Wazee waliupanda pale kumaliza ugomvi wa mpaka kati ya Mzee Petro na mdogo wake, walioshikiana mapanga.

Majembe yote yalisimama. Yule mdogo akasema, "Kama mulamula haupo, mpaka wangu unaishia kwenye migomba ile." Mzee Petro aliingia ndani, akatoka na panga.

Nikamwambia Bwana Maendeleo, "Urudishe. Kwa mikono yako, sasa hivi."

Alipiga magoti, jasho likimtoka kwenye baridi ile, akaifukia mizizi. Njia tukaipindisha.

Mulamula haufi ovyo, lakini leo majani yamelegea. Kila anayetoka kisimani anaumwagia maji kidogo. Wale ndugu wamekaa, kila mmoja mlangoni kwake, wanautazama.

Nisalimie mama na watoto. Mvua ikinyesha huko Ijuganyondo, iombeeni ifike na huku.

Mdogo wako,
Deo