Kitufe chenye Jani

Jumatatu, 3 Machi

Gari zito! Nakanyaga mafuta, linafikiri kwanza, ndipo linakwenda. Miaka thelathini na nne nimeendesha malori ya saruji, na matela yake, bila kumvunjia mtu hata kioo. Leo kwenye mlima wa hospitali nimepitwa na pikipiki iliyobeba godoro. Godoro! Mjukuu wangu — namwita Kasuku kwa sababu hanyamazi — akampungia mkono mwenye godoro. Mimi nikatazama mbele.

Binti yangu aliponinunulia gari hili nilipostaafu alisema ni otomatiki, la kisasa, halili mafuta. Kweli halili. Ndiyo maana halina nguvu.

Jumatano, 5 Machi

Joto la kuchemshia yai. Kiyoyozi kinapuliza kinyonge, kama kinapoza chai. Nimekwenda kwa fundi. Hakufungua hata boneti! Kaingiza mkono, kabonyeza kitufe karibu na gia, taa ndogo ya kijani yenye umbo la jani ikazimika. Mzee, kasema, muda wote huu ulikuwa kwenye eko. Ikiwaka hiyo gari linajibana: wewe unakanyaga sana, lenyewe linatoa kidogo. Na kiyoyozi nacho linakipunguza. Yote kuokoa mafuta.

Nimetoka pale — weee! Kuligusa tu linaruka. Baridi mpaka nimefunga kifungo cha shingoni. Nimeupanda mlima wa hospitali naimba.

Alhamisi, 6 Machi

Kasuku katapika. Kwenye sare, kwenye kiti, kwenye daftari la hesabu. Mke wangu anasema si chakula, ni mimi: naling'oa gari kama jino. Akawasha jani. Nikalizima. Akaliwasha. Watu wazima wawili, tumegombea kitufe hadi kwenye geti la shule, na mlinzi anatuangalia.

Jumapili, 9 Machi

Tumeafikiana. Mtoto akiwemo, jani liwake. Nikiwa peke yangu, lizimwe.

Nikubali tu: kwenye eko safari imetulia. Kasuku kaimba toka nyumbani hadi kwa shangazi yake, tumbo shwari. Jasho limetutoka, lakini hakutapika mtu. Ila nilipotaka kulipita basi moyo ulinilipuka. Nakanyaga, linajikokota, na lori hilo linakuja mbele! Nikarudi nyuma ya basi kwa adabu. Mke wangu alikuwa ameshika mlango kwa mikono miwili.

Jumanne, 11 Machi

Mafuta bado robo tatu ya tangi. Sisemi kitu.

Ijumaa, 14 Machi

Sitaki kuyaandika haya. Niandike hivyo hivyo.

Asubuhi nilikwenda peke yangu duka la mikate. Naegesha, pua ya gari inatazama baraza. Mbele yangu mama mmoja kainama, anamfunga mwanawe kamba za viatu. Nikakanyaga breki. Gari likasogea mbele. Nikakanyaga zaidi. Likanguruma, likazidi kusogea. Mguu ulikuwa kwenye mafuta! Mimi! Niliutazama pale chini kama mguu wa mtu mwingine. Nilipoipata breki, kati ya bampa na mgongo wa yule mama zilibaki shibiri mbili. Hakugeuka. Alimaliza fundo lake, akampangusa mtoto pua, wakaenda zao.

Nikaona jani linawaka. Peke yangu, na linawaka! Ni mke wangu. Alilibonyeza alipoinama dirishani kuniagiza mikate, mimi nafunga mkanda. Kama lingekuwa limezimwa, gari lile linaloruka kwa kuguswa tu — siwezi kumalizia.

Nimerudi mikono mitupu. Nimemwambia mikate ilikuwa imekwisha. Ni uongo wangu wa kwanza kwake tangu sijui lini.

Jumamosi, 15 Machi

Nimejitetea siku nzima. Viatu vilikuwa vipana. Jua lilinipiga machoni. Gari halina klachi, mguu wa kushoto hauna kazi, wa kulia umechanganyikiwa. Basi nikaketi garini hapa uani, injini imezimwa, nikafanya mazoezi: mafuta, breki, mafuta, breki. Mara ishirini sawa. Ya ishirini na moja mguu ulikwenda kombo.

Kasuku akapita na kamba yake ya kuruka. Babu, unaenda wapi? Siendi popote, nikamwambia. Akapanda, akakaa kando yangu, akanisimulia kisa chote cha mwalimu aliyekalia chaki.

Naogopa. Nimeandika sasa: naogopa.

Jumapili, 16 Machi

Binti yangu kaondoka mchana, semina ya wauguzi, wiki nzima. Kaniachia mtoto. Kanikumbatia: Baba, nikijua ni wewe unayemwendesha, moyo wangu unatulia. Nikacheka. Kicheko gani kile!

Mke wangu anasema nimekuwa mpole ghafla. Leo hata kitufe hukugombea, kasema, unaumwa? Nikasema kichwa. Kaniletea dawa. Nimeimeza, maskini, ya kichwa kisichouma.

Mchana nikampigia dereva wa teksi wa mtaani, nimuulize kama anaweza kumpeleka mtoto shule. Alipopokea nikamwambia nimekosea namba.

Jumatatu, 17 Machi

Saa moja kasorobo asubuhi. Kasuku yuko garini, mkanda kafunga, anaita: Babu! Babu! Babu! Nimeshavaa viatu. Vile vyembamba. Nimekaa chumbani na daftari hili.

Mke wangu kaingia. Mtoto atachelewa, mzee, na wewe unaandika? Nimemwambia, mama, funga mlango, keti kidogo. Kafunga. Kakaa ukingoni mwa kitanda, mkoba wa shule mapajani. Nimeziweka funguo juu ya mkoba. Kazitazama, kanitazama. Kuna nini, anauliza.

Nimemwomba nimalize mstari huu. Nikiweka kalamu chini itabidi niseme. Kule nje Kasuku bado anaita. Mama huyu anauliza tena, taratibu, na ameushika mkono huu ninaoandikia —