Koti Lililotakata

Kaka yangu mpendwa,

Huku mvua zimeanza, na pasi yangu imeharibika tena. Lile koti la marehemu baba uliloliomba nimelifua. Mimi ni dobi. Ningekutumiaje likinuka jasho na tumbaku, watu waniseme?

Tangu tulipomzika baba, mbwa wake kipofu alikuwa akililalia, akitikisa mkia usingizini. Jana nililianua, nikamtandikia kwa mara ya mwisho. Alinusa kola, akanusa mifuko, akarudia kwapa. Kisha akaenda kujilaza mlangoni, akilia.

Nami nikaliinamia, nikavuta pumzi. Sabuni tu.

Koti linakuja, limetakata. Nisamehe, kaka. Baba alikuwa amebaki humo, nami nikamfua.

Mdogo wako,
mwenye mikono safi