Walioandikwa Nyuma

Kijiji cha Kaswepa, Sumbawanga
2 Machi 1975

Mdogo wangu Leonsi,

Pokea salamu za huku kwenye baridi na ukungu. Sisi ni wazima, ila Adela anaota meno na hataki kushuka mgongoni, kwa hiyo naandika nimesimama, karatasi nimeiweka dirishani. Shemeji yako Eustaki bado yuko Kasanga anapakia mizigo ya meli. Mama mkwe Dominika anauliza kama huko Mlimani bado mnakula ugali wa ulezi au mmeshakuwa Wazungu.

Nina shida, na wewe ndiye msomi wetu. Juzi alikuja bwana mmoja kuhutubia mkutano wa kijiji. Akasema nchi yetu ni ya Ulimwengu wa Tatu, tena imo katika orodha ya nchi ishirini na tano zilizo nyuma kuliko zote duniani. Akapanda gari lake akaenda, moto akaniachia mimi.

Luciana, jirani yangu, akasema, "Wa tatu si haba! Mwanangu shuleni ni wa arobaini na mbili." Watu wakacheka. Mama mkwe hakucheka. Akauliza, "Hao walioandika orodha walipita hapa lini? Mbona sikuwapikia? Na kama tumeshaandikwa wa mwisho, hizi a-e-i-o-u za nini? Aliyekwisha kufeli anasomea nini?"

Kesho yake kwenye darasa langu la kisomo walikuja saba. Walikuwa ishirini na watatu! Mtihani ni Agosti, na Bwana Ambilikile wa ofisi ya elimu, yule kijana wa Mbeya, ameniambia wazi: wakipungua chini ya kumi na watano darasa linafungwa, wanaobaki wakasome kijiji cha pili. Ni mwendo wa saa mbili, Leonsi. Mwenye mtoto mgongoni haendi, na wote wana watoto mgongoni.

Basi nieleze: nani alituandika, lini, na kwa kipimo gani? Usinipe maneno ya jukwaani. Mama mkwe hapigiwi hotuba akatulia.

Dada yako,
Hilaria


Mlimani, Dar es Salaam
27 Machi 1975

Dada Hilaria, shikamoo.

Natumaini jino la mpwa wangu Adela limetokeza. Mimi sijambo, joto tu ndilo linanionea. Mwambie Mama Dominika ugali wa ulezi nauota.

Dada, waambie kwa ufupi kwamba huo ni ubeberu! Lakini najua hutaridhika, kwa hiyo nilikaa maktaba nikasahau hata chakula. Kumbe ni majina mawili, kila moja lina baba yake.

Ulimwengu wa Tatu ulianza kwa Mfaransa mmoja aliyeandika gazetini mwaka 1952. Wakati ule Wamarekani na rafiki zao walikuwa upande mmoja, Warusi na rafiki zao upande wa pili, na sisi tuliobaki hatukuwa wa huku wala wa kule. Yeye akakumbuka Ufaransa ya kale: wakubwa walikuwa tabaka la kwanza na la pili, raia wa kawaida tabaka la tatu. Hao wa tatu walidharauliwa, mwishowe wakasimama wakadai nafasi yao. Kwa hiyo hakutupanga kama darasani. Alikuwa akiwaonya wakubwa!

Orodha ya ishirini na tano ni nyingine. Ni ya Umoja wa Mataifa, mwaka 1971. Tena nilishangaa: nchi maskini nazo zilitaka itengenezwe, ili wanyonge zaidi wapewe msaada wa pekee. Vipimo vilikuwa vitatu: pato la mtu kwa mwaka, viwanda, na idadi ya watu wazima wanaojua kusoma. Ukiwa chini kote, umo.

Hakuna aliyepita Kaswepa, dada. Walihesabu wakiwa mezani.

Mdogo wako,
Leonsi


Kaswepa
20 Aprili 1975

Mdogo wangu,

Hatujambo, jino limetoka, nimeng'atwa. Asante kwa barua, lakini ile "ubeberu" yako ya mwanzo niliiruka. Ukimpa mwenye njaa neno moja kubwa, atalala nalo njaa.

Niliwaita wote saba, nikawasomea. Nilipofika kwenye vipimo mama mkwe alikunja vidole. "Pato hatuna. Viwanda hatuna, na mimi siwezi kujenga kiwanda na mgongo huu. Hicho cha tatu..." Akatazama chumba kizima. "Hicho cha tatu si ni sisi? Si kinafanyika hapa, na chaki ya Hilaria?"

Leonsi, nilisisimka mpaka nikamwamsha mtoto! Mimi nilidhani nafundisha tu majirani kuandika majina yao. Kumbe tunashika mzani wenyewe. Luciana alitoka mbio kuwafuata wenzake mashambani.

Wamerudi wote ishirini na watatu. Ila sasa ni wakati wa ntumba, kila mtu anainua matuta ya udongo na kufukia majani, nani ana nafasi ya kukaa darasani? Mama mkwe akasema tufanye kama tunavyolima: kwa zamu. Leo tunakwenda wote kwa Luciana, tunampigia ntumba zake, tukimaliza tunakaa hapo hapo kwake na kitabu. Yeye anatoa togwa. Hatuondoki mpaka mwenye nyumba amesoma ukurasa wake. Akikwama, tunamshika mkono.

Nimechoka hadi kope zinauma, lakini sijawahi kuchoka kwa raha namna hii.

Dada yako,
Hilaria


Kaswepa
14 Agosti 1975

Leonsi,

Natumaini u mzima. Sisi miili ni mizima.

Mtihani ulifanyika, umeharibika. Bwana Ambilikile aligawa karatasi, kukawa kimya kizuri, kalamu zinatembea. Mama mkwe akamaliza wa kwanza. Akaweka kalamu chini, akainuka, akajifunga khanga, akaenda kwa Luciana akaanza kumwandikia! Aliyefuata kumaliza naye akainuka akamwendea jirani. Mara darasa zima liko wima, wanasaidiana na kuimba kama shambani!

Bwana Ambilikile akapiga kelele, "Mnaiba mtihani!" Mama mkwe akashangaa kweli. "Tunaiba nini, mwanangu? Mwenzangu shamba lake halijaisha, nikae nimtazame?"

Kosa ni langu. Niliwafundisha kusoma kwa zamu kama kulima, sikuwaambia kwamba mtihani ni shamba ambalo kila mtu hulima peke yake. Karatasi zote zimefutwa. Bwana Ambilikile ameandika kwenye daftari lake, kijiji kizima: Hawajui.

Wameacha kuja. Wanapita mbele ya nyumba yangu wakitazama chini.

Dada yako


Mlimani
29 Agosti 1975

Dada, shikamoo, na pole sana.

Nimecheka, kisha nikaona aibu kwa kucheka. Nilitaka kuandika gazetini, lakini nimejiuliza wewe ungesemaje. Ungesema nakimbilia jukwaani. Basi nasema hili tu: orodha zote, hata ile kubwa, zimeandikwa na mtu mwenye kalamu. Huyu wa kwenu unajua ofisi yake ilipo.

Mdogo wako,
Leonsi


Kaswepa, kwenye ngazi za kanisa
21 Septemba 1975

Mdogo wangu Leonsi,

Salamu kwa haraka, wote wazima, Adela amelala mapajani.

Nilishuka Sumbawanga na lori la mahindi. Nikamwambia Bwana Ambilikile, "Wale wa orodha ya dunia hawakufika kwetu, nawasamehe. Wewe ulifika, ukaona, bado ukaandika kisichokuwepo."

Akauliza, "Ulitaka niandike nini, mama?"

"Andika ulichokiona. Wanajua kusoma. Hawajui kuachana."

Alijaribu kununa, akashindwa, akacheka. Amekuja leo na karatasi mpya. Mimi nimekatazwa kuingia, ndiyo maana nakuandikia nje. Nawaona kupitia mlango wa kanisa: kila mtu na benchi lake. Mama mkwe amemaliza na ameukalia mkono wake asije akainuka. Anamtazama Luciana kama mtu anayeona nyumba inavuja.

*

Naendelea. Amesahihisha hapo hapo. Ishirini na mmoja wamefaulu! Luciana na mwenzake mmoja bado. Luciana amesema mwakani atamfaulisha hata mbuzi wake.

Bwana Ambilikile akaandika kwenye daftari, akataka kulifunga. Mama mkwe akaweka kiganja juu yake. "Hebu tusome ulichotuandika."

"Mama, hili ni daftari la ofisi."

"Daftari la ofisi, kijiji chetu."

Akasoma kwa kidole, wote tumemzunguka. "Ka-swe-pa. Wa-na-o-jua, i-shi-rini na m-mo-ja. Hali: ki-ji-ji ki-ko nyu-ma." Akainua uso. "Nyuma ya nani?"

"Ndivyo tunavyoandika tu, mama, vijiji vyote vya..."

"Sijauliza vyote. Nyuma ya nani? Mtaje, tumwone mgongo."

Leonsi, Bwana Ambilikile akaishika tena kalamu yake. Kisha akalikata lile neno "nyuma", mstari mmoja mnene, akauliza, "Basi niandike nini?"

Wameanza kumjibu wote kwa pamoja, hadi sasa hawajanyamaza: wengine wanamtajia ulezi, wengine ntumba, mama mkwe anamwamuru aanze ukurasa mpya. Wino wake umekwisha. Ananyoosha mkono akinitazama, kalamu ya wino ni hii moja tu, naishia hapa.

Dada yako