Tarehe ya Vennila Kurudi Nyumbani

Mettuppalli,
Wilaya ya Pudukkottai,
Tamil Nadu.
4 Agosti 2019

Mpendwa Mjomba Ilango,

Shikamoo. Joto la Kuwait linakutendaje mwezi huu? Mgongo je, umekuachia ulale? Huku sisi wazima. Bibi ameacha kukohoa na ameanza tena kugombana na kuku, kwa hiyo tunajua amepona. Mvua bado.

Barua yako nimemsomea Mama mara mbili. Unauliza Vennila atakuja lini, ili ukiwa likizo umfanyie sherehe na picha zipigwe za kupeleka kwenye chama chenu cha huko. Mama ameniachia mimi nijibu. Unanijua, mdomoni sina maneno. Kwenye karatasi ninayo, na mengine hayatakupendeza. Nisamehe mapema.

Dada Vennila alianza kukimbilia ndani ya bwawa lililokauka, alfajiri, miguu mitupu. Viatu vyake vya kwanza vya misumari vilikuwa vya mtu mwingine, akavijaza pamba visimtoke. Mwenyekiti wa kijiji, Bwana Sundarapandi, aliitisha kikao kizima kuzungumzia kaptura yake. Watu wazima, wenye masharubu, saa mbili nzima wanajadili magoti ya mtoto. Nawe Mjomba ulipiga simu ukasema mwanao Kathir hawezi kuoa kulungu.

Kisha mwaka jana akachukua dhahabu ya mita mia ya jimbo letu. Ghafla kila mtu alikuwa amemlea. Nawe ukakumbuka kwamba, kwa desturi yetu, mtoto wa mjomba ana haki ya kwanza ya kumwoa.

Sasa nikuambie jambo ambalo sijamwambia Mama.

Baada ya dhahabu ile uliitishwa mchujo wa timu ya taifa, Chennai. Siku moja kabla, Vennila alipita nyumbani kumwona Bibi, aondoke na treni ya saa kumi na mbili jioni. Alifika kimyakimya. Akaniambia, "Wakija, sema nimeshaondoka." Mchana Mwenyekiti akaja. Aliviona viatu vya kukimbilia mlangoni, lakini tuna jozi tatu kuukuu, visingemwambia kitu. Akaniambia kwamba kama dada yupo kutakuwa na sherehe, mgeni rasmi ni mkubwa kutoka wilayani, na atakayesoma hotuba ya Kiingereza ni mimi. Mimi, Mjomba, ambaye darasani hata jina langu naliitikia kwa kuinua mkono.

Nikatamani nisikike mara moja tu, nikasema, "Yuko nyuma, anafua."

Bango lilikuwa limekwisha kupakwa gundi kabla hata Vennila hajakausha mikono. Uso wa Mwenyekiti ulikuwa mkubwa kama gurudumu la trekta. Wa Vennila ulikuwa pembeni chini, kama kiberiti. Walimvika sari ya hariri, wakamkalisha kwenye kiti cha plastiki toka saa tisa hadi saa tatu usiku. Walihutubu watu kumi na mmoja. Mmoja alimwita mrukaji. Mwingine alieleza kwa kirefu jinsi yeye mwenyewe alivyokuwa na mbio utotoni, mpaka goti lilipomsaliti. Kila msemaji alimvika shali ya heshima, na wengi wasiohutubu pia. Shali ishirini na sita, Mjomba, na hakuna aliyemwuliza kama amekula. Mimi nilisoma Kiingereza changu, wasiokielewa wakapiga makofi kuliko wote.

Treni ilipita. Tuliisikia honi yake kupitia kipaza sauti. Vennila aliniangalia mara moja tu, halafu akatazama mbele.

Alikwenda kwa basi, usiku kucha, miguu imening'inia. Kesho yake mchana alikimbia. Walichukua wanne, yeye akawa wa tano, akikosa kwa sehemu tatu za mia za sekunde.

Wiki hiyohiyo Mwenyekiti alisema pale kwenye duka la chai kwamba alijua, msichana ana mwisho wake. Leo lile bango limeezeka zizi la ng'ombe wake, uso wake umeelekea juu, na kunguru wanaufanyia wanachojua kunguru. Shali Mama anafunikia mbuzi baridi ikija. Ndiyo kazi ya kwanza ya maana ziliyopata.

Vennila sasa amepata kazi reli, anakata tiketi, na alfajiri anafanya mazoezi. Ana mchujo mwingine. Kabla ya huo atakuja siku moja kumwona Bibi. Tarehe naijua, Mama hajui. Nilimwuliza kwa nini ameniambia mimi, baada ya yale. Akasema, "Kwa sababu wewe ndiye wanayekuja kukuuliza."

Mwenyekiti ameshaniuliza mara mbili. Nimeangalia vidole vya miguu yangu, kama kawaida yangu. Wewe Mjomba ni damu yangu na nakupenda, ila nawe pia sikuandikii tarehe. Akija, hata viatu vyake nitaviingiza ndani, Bibi agombe asigombe.

Bibi anakusalimu, anasema kula vizuri. Mama anakusalimu. Msalimie Kathir, umwambie kulungu bado anakimbia. Mungu akutunze katika joto hilo, akurudishe salama, ukute sisi tupo, na mwingine keshapanda treni yake.

Mpwa wako akupendaye,
Yazhini