Askari Penye Minazi Yetu

Mume wangu Juma,

Shikamoo. Barua yako imefika. Mamako hajambo, na mbuzi wako amezaa pacha.

Umeniuliza serikali ina kazi gani na shamba la mtu. Nilipokuwa kigori hapa Msambweni, tajiri mmoja alileta watu wenye mashoka kuikata minazi ya baba. Kwetu mgeni huazimwa mahali pa kulima muhogo, lakini mnazi hupandwa na mwenye shamba tu. Minazi ikikatwa, baba hana ushahidi kwamba shamba ni lake. Akamkimbilia mudiri, mkubwa wa serikali, naye akaleta askari asimame pale mpaka kesi isikizwe.

Tulizoea askari wa kodi, aliyetukunjia uso. Huyu alitupa mgongo, akawakabili wenye mashoka. Mama, aliyekuwa akimkimbia kila askari, akampelekea dafu.

Bibi yako,
Mwanakombo