Bangili za Hemavalli

Jumatatu, 2 Septemba 1957

Leo wamevunja nazi mbele ya kamera, kuomba baraka. Filamu mpya imeanza rasmi. Mimi nilikuwa chumba cha nywele, mlango nimeufunga — mjane hasogei karibu siku ya kwanza, ni uchuro. Hakuna aliyenifukuza. Nilijifungia mwenyewe. Nikasikia makofi, nikamsikia mwongozaji Sabapathi akiapa kwamba kufika Pongal, sikukuu ya mavuno, kila mwanamke wa Madras atakuwa amelowesha sari kwa machozi. Nikaendelea kuchana wigi.

Huu ni mwezi wa sita tangu mume wangu Dandapani afe. Homa ya matumbo, siku tisa, basi. Sijalia. Si siku ile, si baadaye. Mama mkwe halisahau hilo. Husema kwa sauti, majirani wasikie: "Kilio huanza mfiwa, wa mbali wakaingia. Humu wameanza wa mbali, na mfiwa tunamsubiri mpaka leo!" Ameshaamua. Ibada ya mwaka ikiisha, mwezi wa tatu, mimi nirudi kwa kaka yangu Kumbakonam. Binti yangu Poongodi abaki naye. Mtoto wa miaka sita! Nimeyasikia kama tangazo la treni ya watu wengine.

Alhamisi, 5 Septemba

Kisirani kazini. Filamu ni ya mke anayefiwa, na kesho ndiyo zamu ya wanawake kumvunja bangili, kama afanywavyo kila mjane. Hemavalli, mwigizaji wetu mkuu, amegoma. Mume wake yu hai, tena alikuwa palepale kwenye kiti anakunywa kahawa.

— Kaka Sabapathi, nitalia, nitagaragara, nitapiga kichwa ukutani. Lakini mkono huu hauvunjwi bangili, na shingo hii haikatwi uzi wa ndoa. Huyu akikohoa tu keshokutwa, utanipa mwingine wewe?

Watu walicheka. Yeye hakucheka. Sikumlaumu, nani angekubali?

Nilikuwa nambana pini kichwani. Nikaona mwongozaji ameacha kumtazama yeye, anatazama mikono yangu. Akaona haya, akakohoa.

— Dada Kothai, mikono yenu ni kama ya mama mmoja. Na wewe... kwako imeshapita. Haiwezi kukudhuru tena.

Kweli. Nikasema sawa, wapige picha mikono yangu badala ya yake.

Ijumaa, 6 Septemba

Walinivika bangili za kioo, za kijani, kumi na mbili kila mkono. Nilikuwa nimesahau mlio wake. Wakanivika sari ya Hemavalli, wakapaka poda kovu langu la kuungua mafuta. Wanawake wanne wakanizunguka. Kamera ikaanza. Nikatoa mikono. Yote miwili, viganja juu.

— Kata! Dada, unafanya nini? Hili si duka la bangili! Hakuna mwanamke anayetoa mikono namna hiyo!

Kicheko kila upande. Mimi ndivyo nilivyofanya. Siku ya kumi baada ya msiba, nilinyoosha mikono kama mtoto anayenawishwa, na mama mkwe alikuwa amekaa mbele yangu, anatazama.

Mara ya pili nilivuta kidogo. Haikufaa. Ya tatu pia. Ndipo mwongozaji akaja akachutama karibu yangu, akasema polepole, wengine wasisikie:

— Ficha kifuani. Pigana nao. Bangili zikivunjika, ndiyo amekufa. Kabla ya hapo bado hajafa. Umenielewa?

Nilimwelewa. Mara ya nne nikapigana. Mmoja nilimkwaruza shingo, akapiga kelele, "Ee mama! Huyu ana nguvu za fahali!" Bangili zikavunjika. Damu kidogo. Hemavalli nyuma ya kamera analia kwa kwikwi.

Mimi nilihisi njaa. Nilikula wali wa maziwa ya mgando, sahani mbili.

Jumanne, 14 Januari 1958

Pongal. Filamu imetoka leo asubuhi. Foleni ya wanawake imezunguka jengo, watoto mgongoni, chakula kwenye makopo. Wanaotoka wana macho mekundu, wanauliza onyesho lijalo saa ngapi. Basi Sabapathi hakuapa bure.

Mama mkwe hajui habari ya mikono. Sikumwambia Septemba, sikuona pa kuanzia. Sasa ndiyo kabisa.

Ijumaa, 17 Januari

Gazeti limeandika kwamba mikono ya Hemavalli huigiza kuliko nyuso za wenzake. Amenisomea mwenyewe chumba cha nywele. "Mikono yangu hiyo!" Tukacheka hadi pini zikamwagika. Nadhani na mimi nilicheka.

Jumamosi, 18 Januari

Majirani wamemchukua mama mkwe kwenda kuiona. Yeye hutazama filamu za miungu tu, lakini mtaa mzima umemkalia kooni. Ningeweza kumzuia. Sikumzuia.

Amerudi. Hakula.

Jumapili, 19 Januari

Asubuhi nilikuwa nasuka nywele za Poongodi. Mama mkwe akaja akasimama mlangoni na sari yake nyeupe ya ujane.

— Kidole gumba kile kilichopinda ni chako.

— Ndiyo, Mama.

— Mwanangu ulimtolea mikono.

— Ndiyo, Mama.

— Na yule mume wa sinema, mtu aliyejipaka poda, asubuhi yu hai anakunywa kahawa, yule ukampigania!

Nilitafuta jibu la maana. Lililotoka ni hili:

— Kule niliambiwa, Mama. Siku ile hakuna aliyeniambia.

Jibu la kijinga! Niliona aibu mpaka masikio yakawaka moto. Bado naiona. Tangu Machi sijahisi kitu chochote kwa nguvu namna hii, na ni aibu.

Nilijua sasa ataniambia nifunge mizigo, asingoje hata ibada ya mwaka. Hakusema hivyo. Alikaa kwenye mkeka, akasukuma sinia la bamia pembeni.

— Siku ya bangili zangu, mimi walinishika wanne. Shangazi mtu nilimng'ata. Walisema nimepagawa. Mwaka mzima walinisema, kwamba nililia kupita kiasi.

Kisha akanyoosha mikono yake kwangu.

— Njoo. Nionyeshe walivyokufundisha huko. Mimi nitavuta, wewe kataa.

— Mama?

— Kataa, nione.

Nikamwambia anisubiri nimalize nywele za mtoto. Nimemaliza zamani. Poongodi yuko nje, anaruka kamba. Nimechukua daftari hili, nimeketi nimempa mgongo, naye bado yuko mkekani, mikono ameinyoosha. Hata hajaishusha. Sijui akinishika itakuwaje. Sijui akinishika na nisipolia itakuwaje.

Kila nikiweka kalamu chini, mikono yangu inakwenda kifuani yenyewe.

Ananiita tena. "Kothai. Njoo basi."